Jicho Moja, Mabao 55



Somo letu leo linatoka uwanjani, tena kwenye mpira wa mikono, ule ambao wengi tuliucheza shuleni wakati wa UMISSETA tukauacha hukohuko. Ulaya ni ajira kamili. Kijana anasaini mkataba na klabu, anaishi kwa mkono wake.

Karol Bielecki alizaliwa Sandomierz, Poland, mwaka 1982. Jitu la mita mbili na ushee, kazi yake kupiga mashuti ya mbali. Akiwa na miaka 22 akaenda kucheza Ujerumani. Mwaka 2007 Poland ilipata medali ya fedha Kombe la Dunia, 2009 shaba, naye alikuwemo. Mambo yamenyooka.

Juni 2010, kwenye mechi ya kirafiki na Croatia, kidole cha mpinzani kikamwingia jicho la kushoto. Ajali ya mchezo tu. Madaktari walimfanyia upasuaji, lakini jicho halikuona tena. Alikuwa na miaka 28. Akatangaza kwamba anaacha mpira.

Hapa tukae kidogo. Fumba jicho moja, mwambie mwenzako akurushie chungwa. Utaona mkono unapapasa hewani, kwa sababu macho mawili ndiyo yanayokupimia umbali upesi. Sasa fikiria huyu: mpira unakuja kwa kasi, mabeki wanamkaba, golikipa anasogea, na upande wake mmoja ni giza. Jamani!

Mwezi uliofuata alikuwa mazoezini, amevaa miwani ya kujikinga. Mechi yake ya kwanza ya ligi baada ya kuumia alifunga mabao 11. Mwaka 2016 akatwaa ubingwa wa klabu za Ulaya akiwa na Kielce, akabeba bendera ya Poland kwenye Olimpiki ya Rio, na huko akawa mfungaji bora wa wanaume kwa mabao 55. Alistaafu 2018.

Imani yake ni kati yake na Mungu, siingii huko. Kinachonisumbua ni sisi. Kwenye mikesha yetu tunapenda kusimulia habari kama hizi kana kwamba ukisali vya kutosha, kila kilichoondoka kitarudi. Jicho la Bielecki halikurudi. Mwiba wa Mtakatifu Paulo nao haukung'oka, na aliomba mara tatu (2 Kor 12:7-10). Alichopewa ni neema ya kuendelea na utume mwiba ukiwa palepale mwilini. Kijana aliyevunjika goti, au aliyekosa mkopo wa chuo mwaka wa pili mfululizo, anaujua uzito wa tofauti hiyo. Na wapo wachezaji wengi waliojeruhiwa wasirudi uwanjani kabisa, wala si kwamba imani yao ilikuwa haba.

Wiki hii, kwenye kikundi chenu cha VIWAWA au TYCS, someni andiko hilo la Paulo taratibu, mara mbili. Kisha kila mmoja ataje kitu kimoja alichomwomba Mungu akirudishe na hakijarudi, halafu aseme leo amebaki na nini mkononi. Msimkatize mtu kwa kumwombea haraka haraka. Atakayelia, mwacheni alie.