SOMO LETU: IDRISI, MTU ALIYECHORA DUNIA KWA KUULIZA



Mtu akiona ramani kwa mara ya kwanza hushangaa. Karatasi ni moja tu, lakini eti ndani yake mna milima, mito, bahari na nchi za watu! Wengine husema, "Huu si uganga huu?" Hapana, si uganga. Ramani hutengenezwa na watu, na watu hupatia na hukosea. Leo tutasoma maisha ya mtu mmoja aliyefanya kazi hiyo zamani sana. Jina lake ni Muhammad al-Idrisi.

Idrisi alikuwa nani?

Idrisi alizaliwa karibu na mwaka 1100 katika mji wa Ceuta, kaskazini kabisa mwa Afrika, jirani na Moroko. Alisoma katika mji wa Cordoba, Hispania. Alipokuwa bado kijana alisafiri katika nchi nyingi. Baadaye alikwenda Palermo, katika kisiwa cha Sisilia, kusini mwa Italia. Mfalme wa huko aliitwa Roger wa Pili. Mfalme alikuwa Mkristo, na Idrisi alikuwa Mwislamu. Hata hivyo walifanya kazi pamoja kwa miaka mingi.

Kazi yao ilikuwa nini?

Mfalme Roger alitaka kuijua dunia yote kwa hakika. Vitabu vya zamani vilikuwapo, lakini vilipingana. Kimoja kilisema hivi, kingine vile. Basi ikaamuliwa watu waliosafiri waulizwe. Mabaharia na wafanyabiashara hufika mbali, na Palermo ni mji wa bandari.

Wasafiri waliitwa, wakaulizwa wakiwa pamoja, kisha mmoja mmoja. Mlipokaa mji fulani ni siku ngapi kutoka hapa? Njiani kuna mto? Wenyeji wanalima nini? Waliyokubaliana yaliandikwa. Waliyopingana yaliwekwa kando. Halafu umbali ulipimwa kwa bikari ya chuma juu ya ubao, mahali baada ya mahali.

Kazi hiyo ilichukua karibu miaka 15. Mwishoni ramani ilichongwa juu ya sahani kubwa ya madini ya fedha. Idrisi aliandika pia kitabu chenye ramani 70, ambacho wengi hukiita Kitabu cha Roger. Kilimalizika Januari 1154. Mwezi uliofuata mfalme akafariki. Sahani ile ya fedha ilipotea, lakini kitabu kilinakiliwa kwa mkono, na nakala zake zipo mpaka leo.

Je, alitutaja sisi?

Ndiyo. Idrisi hakufika kwetu, lakini alisikia habari zetu. Kitabu chake kinataja Malindi, Mombasa na Unguja. Kinataja ndizi za Unguja, na chuma cha pwani hii kilichonunuliwa mpaka Bara Hindi. Kinasema pia kwamba watu wa Malindi walijua kuwafanyia uganga nyoka wenye sumu wasidhuru watu. Hapo tunaona jambo. Habari ya chuma ilitoka kwa watu walioibeba bidhaa yenyewe. Habari ya nyoka ni ya kusimuliana jioni. Zote mbili ziliingia katika kitabu kimoja, na msomaji ndiye anayepaswa kuzichambua.

Liko pia kosa kubwa. Idrisi aliichora pwani ya Afrika ikipinda kuelekea mashariki, kana kwamba inakwenda kukabiliana na Bara Hindi na Uchina. Sisi tunajua kwamba pwani inashuka kusini. Fikra hiyo ilitoka katika vitabu vya kale, kwa mtaalamu aitwaye Ptolemy. Hivyo hata mtu makini aliyeuliza miaka 15 alipitiwa.

Jambo jingine: katika ramani za Idrisi kusini kuko juu. Ukiiangalia leo utadhani imegeuzwa. Haijageuzwa. Yeye alianzia kusini, sisi tumezoea kuanzia kaskazini.

Tunajifunza nini?

Siku moja ramani italetwa kijijini kwenu. Huenda ni ya mpaka na kijiji jirani, ya malisho, au ya viwanja. Mtu asiyejua kuisoma ataogopa kuuliza, atatia sahihi, na baadaye ataona kisima cha wote kimeangukia upande wa wengine. Sisi tuliojifunza kusoma tusikubali hivyo. Tufanye haya:

1. Tuulize kwanza kaskazini ni wapi.
2. Tutafute vitu tunavyovijua: mto, mlima, barabara, shule.
3. Tuulize nani aliyeichora, na alimwuliza nani. Je, wazee waliulizwa? Wanawake wanaochota maji je? Na wachungaji?
4. Tuwaulize watu watatu, kila mmoja peke yake. Wakipingana, twende wote mahali penyewe tukaangalie.
5. Tusitie sahihi kabla ya kuelewa.

Maneno ya kujifunza

Bikari: chombo chenye miguu miwili cha kuchorea duara na kupimia umbali.
Nakili: andika au chora tena kama ilivyo.
Kuchambua: kutenga yaliyo sawa na yasiyo sawa.

Maswali ya kujadili kikundini

1. Kwa nini wasafiri waliulizwa pamoja, kisha mmoja mmoja?
2. Kwa nini habari ya chuma ni ya kuaminika kuliko habari ya nyoka?
3. Mkichora ramani ya kijiji chenu, mtaanza kumwuliza nani? Kwa nini?
4. Chukueni kijiti, mchore ardhini njia ya kutoka hapa mpaka kisimani. Kila mmoja achore yake, kisha mlinganishe.