Somo Letu: Manowari za Bangwe na Kigoma



Sisi wenye karafuu twajua kuwa mavuno bila njia ya chombo si mali. Wajerumani nao walilijua hilo: reli yao ilipofika Kigoma mwaka 1914, walilishika ziwa kwa manowari.

Waingereza wakaleta motaboti mbili ndogo, Mimi na Toutou, kwa reli kutoka Cape Town, wakazikokota porini kwa mashine za mvuke na ng'ombe. Tarehe 26 Desemba 1915 wakaiteka Kingani. Tarehe 9 Februari 1916 wakaizamisha Hedwig von Wissmann.

Julai 1916, wakiondoka Kigoma, Wajerumani waliizamisha wenyewe Graf von Götzen, mitambo imepakwa grisi. Iliibuliwa 1924, mwaka 1927 ikarudi kazini kwa jina la Liemba, ikichukua abiria na mizigo.

Basi tukumbuke: ashikaye njia ndiye ashikaye biashara.