Kiboko, Makueni: Maswali na Majibu ya Marudio

1. Kiboko iko wapi?
Kaunti ya Makueni, kando ya barabara kuu ya Nairobi–Mombasa, kati ya Emali na Makindu, yapata kilomita 160 kutoka Nairobi. Mwinuko wake haufiki mita 1,000. Kitui iko mashariki, ng'ambo ya Mto Athi. Ukiandika "Ukambani" tu ukaachia hapo, usimlaumu mtahini.

2. Je, Kiboko ni mji?
La. Sheria ya mwaka 2011 ya miji na majiji inataka mji uwe na angalau watu 10,000. Kiboko ni soko la barabarani na vijiji vyake. Shida ya mwananchi huanzia kwa mzee wa kijiji, ikaenda kwa naibu wa chifu, kisha kwa chifu.

3. Mvua ni haba. Mbona kuna mto usiokauka ovyo?
Hapa ndipo penye alama nyingi, kwa hiyo usikimbie. Kiboko hupata takriban milimita 600 za mvua kwa mwaka, na mkulima hutegemea zaidi vuli, Oktoba hadi Desemba. Maji ya mto hayatokani na mvua hiyo. Tazama kusini-magharibi: Milima ya Chyulu, volkano changa iliyolipuka hata katika karne ya 19. Majivu na lava yake vimejaa matundu, hivyo juu mlimani huoni kijito hata kimoja. Mvua huzama, hupita chini ya lava, kisha huibuka chini ya mlima kama chemchemi: Kiboko, Makindu, Kibwezi, na upande wa pili Mzima, inayopeleka maji Mombasa kwa bomba. Mto Kiboko huelekea Athi.

4. Taja ziwa la Kiboko.
Swali la mtego. Hakuna ziwa la asili. Kuna bwawa linalolishwa na chemchemi kwenye hoteli ya Hunter's Lodge, lenye migunga ya gome la manjano na ndege tele. Lodge ina jina la J. A. Hunter, mwindaji aliyetumwa na serikali ya kikoloni kati ya 1944 na 1946 kuua vifaru Makueni ili Wakamba wapewe mashamba. Aliwaua karibu 1,000. Ukiulizwa historia ya makazi, anzia hapo, wengi husahau.

5. Watu ni wangapi?
Sensa ya Agosti 2019 ilihesabu watu 987,653 katika kaunti nzima, wastani wa takriban 120 kwa kilomita ya mraba. Usiubandike wastani huo Kiboko. Vilima vya Mbooni na Kilungu vimesongamana kwa sababu ya mvua. Nyanda za Kibwezi, Kiboko ikiwemo, zina watu wachache, nao hukusanyika penye maji na penye lami.

6. Kwa nini watafiti wa ukame huenda penye chemchemi?
Mashirika ya utafiti wa kilimo, KALRO na CIMMYT, hupima hapo mbegu za mahindi. Hupandwa kiangazi, mvua isije ikaharibu jaribio, na kunyweshwa maji ya mto. Mbelewele zikikaribia kutoka, mabomba hufungwa. Mmea utakaozaa hata hivyo ndio wanaoutafuta.