Lipu Kuukuu na Dari ya Zamani

SWALI: Nyumba ya marehemu baba hapa Nkubu ina lipu iliyovimba sebuleni, na dari imepakwa rangi nzito ya vinundu-vinundu. Je, nibandue yote? — Msomaji, Nkubu

JIBU: Ndugu yangu, kabla hujashika tindo na nyundo, ugonge ukuta kwa kifundo cha kidole, shibiri kwa shibiri, ukitega sikio: palipo na mlio wa mtungi mtupu lipu imekwisha kuachana na jiwe, nayo ndiyo ya kubandua, palipo na mlio mzito iache, kwani kuiondoa iliyo salama ni kuujeruhi ukuta bure. Chanzo cha uvimbe, katika mji wa mvua nyingi kama wenu, aghalabu ni unyevu, basi tengeneza kwanza mabati na mifereji. Rowesha lipu, uvae barakoa ya kuchuja vumbi laini, maana vumbi la mchanga hudhuru mapafu.

Dari ndiyo inayonitia hofu. Rangi za vinundu za zamani, na hata bodi za dari zenyewe, huenda zimechanganywa na asbesto, madini ya nyuzi yenye kudhuru mapafu, ambayo kanuni za Kenya za mwaka 2006 zimeihesabu miongoni mwa taka za hatari. Nyuzi zake hazionekani kwa macho, na maradhi yake hudhihiri baada ya miaka mingi. Usiikwangue wala kuitoboa hata uwaulize NEMA, mamlaka ya taifa ya usimamizi wa mazingira. Ikiwa nzima, kuifunika kwa dari mpya, bila kuipigilia misumari, ni bora kuliko kuibomoa.