*TAFAKURI YA RAMADHANI, SIKU YA 12: Njaa isiyo na futari*

Ndugu zangu wa Ujiji, Kigoma mjini na mwambao wote wa ziwa,

Sisi tunashinda na njaa, lakini daku tumekula na Magharibi futari ipo. Leo tumfikirie mnyama anayeshindishwa njaa au kuchapwa ili acheze mbele ya kamera.

Wengi tumecheka tukiona sokwe kwenye filamu kavaa nguo, katoa meno kama anatabasamu. Kumbe wajuzi wa sokwe wanasema uso ule mara nyingi ni wa woga. Wako waliotengwa na mama zao wangali wachanga, wakafunzwa kwa kipigo.

Sasa tutazame hapa kwetu. Ukipanda boti Kibirizi kuelekea kaskazini unafika Gombe. Jane Goodall alifika pale Julai 1960, na ilimchukua miezi sokwe kuacha kumkimbia. Hugo van Lawick alipokuja na kamera mwaka 1962, hakumvisha sokwe nguo wala kumfundisha mchezo. Alikaa, akangoja. Picha zake zikazunguka dunia. Hata hivyo, ndizi walizowekewa sokwe ili wasogee karibu ziliwafanya wajazane na kupigana zaidi, ikabidi zipunguzwe, na mwishowe zikaachwa kabisa. Maana yake, hata anayempenda mnyama anatakiwa ajipime.

Katika Sunan ya Abu Daud imepokewa kwamba Mtume (s.a.w.) aliingia shamba la Answari mmoja, ngamia akamwona, akalia machozi. Mtume akampangusa kichwa mpaka akatulia, kisha akamwita mwenyewe na kumkumbusha amche Allah, kwani mnyama yule alishitaki kuwa anashindishwa njaa na kuchoshwa. Na ndege aliyechukuliwa makinda yake, Mtume aliamuru arudishiwe.

Usiseme, "Mimi si mtu wa filamu." Jamani, kila mwenye simu ana kamera. Kijana anamfunga tumbili kamba, anachokoza mbwa wagombane, anarekodi, anarusha kwenye grupu. Na wewe uliyecheka ukasambaza umempa sababu ya kurekodi nyingine kesho. Swaumu si ya tumbo tu. Jicho linafunga, na kidole kinachobonyeza simu nacho kifunge.

*Amali ya leo:*
1. Video ya mnyama anayeteswa usiisambaze. Ifute, na mshauri aliyekutumia kwa upole.
2. Ukitaka kumpiga picha mnyama, ngoja kwa subira. Usimtishe, usimfunge.
3. Kabla ya kufuturu, hakikisha mbuzi, kuku na paka wa nyumbani wana maji. Wao hawana ulimi wa kukuomba.
4. Mweleze mtoto mmoja kisa cha ngamia.

Ee Allah, zikubali swaumu zetu, na utujaalie huruma kwa kila kiumbe uliyetukabidhi. Aamin.

Mfikishie na mwenzio.