Somo la Uraia: Kura Moja Tu

Mara ngapi tumesikia mtu akisema, "Ati kura yangu moja itafanya nini?" Hebu tujifunze kutoka Nathdwara, eneo linalochagua mjumbe wa bunge la jimbo la Rajasthan, kule India.

C. P. Joshi wa chama cha Congress alishinda hapo miaka ya 1980, 1985, 1998 na 2003. Mwaka 2008 aliongoza chama jimboni, na wengi walimtazamia awe waziri mkuu wa jimbo. Kura zikahesabiwa: Kalyan Singh Chauhan wa BJP 62,216, Joshi 62,215. Kumbe kura moja! Congress iliunda serikali, lakini Ashok Gehlot ndiye aliyeiongoza. Kama Joshi angepata moja zaidi, wangelingana, na sheria ya huko huamua kwa bahati nasibu.

Chauhan alishinda tena 2013. Joshi akarudi 2018, akashindwa tena 2023. Basi kiti ni cha wapiga kura, si cha mtu.

Maswali ya kujadili katika jumuiya:
1. Nani kati yetu hakupiga kura mara iliyopita? Kwa nini?
2. Tutawasaidiaje wazee na wagonjwa wafike kituoni?