WANAOSOMA MAENDELEO CHUO KIKUU

Pengine umewaona vijana wenye madaftari wakipita nyumba kwa nyumba. Huuliza: Una ekari ngapi? Maji unachota wapi? Wakishaondoka, watu huulizana, "Hivi hawa wanasomea nini?"

Wengine wao wanasomea Taaluma za Maendeleo. Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilianzisha taasisi ya somo hilo mwaka 1973. Uingereza ipo nyingine, katika Chuo Kikuu cha Sussex, iliyoanzishwa mwaka 1966, na wanafunzi wake hutoka nchi nyingi. Hujifunza kwa nini nchi hii ni tajiri na ile ni maskini. Hujifunza habari za mikopo, ardhi na bei za mazao. Hujifunza pia miradi iliyoshindwa.

Chukua mfano wa karanga za Kongwa. Mwaka 1947 Waingereza walianza kulima karanga pale kwa matrekta, maana baada ya vita mafuta ya kula yalikuwa haba kwao. Wataalamu walikuwapo, tena wasomi. Lakini mvua ya Kongwa ni ya kubahatisha, na udongo wake wakati wa kiangazi hukauka ukawa kama saruji. Majembe yakavunjika, karanga zikagoma kung'oka. Mwaka 1951 mradi ukaachwa, na pauni milioni 36 zimekwisha potea. Wagogo walikuwa wakiishi na mvua ile na udongo ule miaka yote.

Mwalimu mmoja wa Sussex, Robert Chambers, aliandika kitabu mwaka 1983 juu ya wageni wa vijijini. Alisema hupita barabara nzuri, huja kiangazi, na huongea na viongozi na wanaume. Mjane anayekaa mbali na barabara hawamwoni, wala njaa ya wakati wa mvua hawaijui. Baadaye yeye na wenzake walieneza njia nyingine: wanakijiji wenyewe wachore ramani ya kijiji chini, kwa vijiti, mawe na mbegu, na mgeni atulie ajifunze. Hata asiyejua kusoma huchora.

Sisi nasi tuna kosa letu. Siku moja tulipokea wanafunzi wa namna hiyo. Tukafagia njia, tukawapeleka kwenye bomba lililo karibu na ofisi. Bomba la kitongoji cha pili lilikuwa limekufa tangu mwaka juzi yake, tukaona aibu kulionyesha. Basi wakaandika kwamba kijiji kina maji! Akina mama wa kule wakaendelea kuamka saa kumi za usiku kwenda mtoni. Mama mmoja alituambia, "Mwalimu, mimi sikuulizwa. Ninyi mlioulizwa mlikuwa na midomo." Hatukuwa na jibu.

Kwa hiyo, mgeni akija, mkaribishe, lakini muulize naye: Umetumwa na nani? Majibu yetu yatarudi lini hapa kijijini? Mpeleke hadi kule njia inakoishia. Na akimaliza kuandika, mwombe daftari usome alichoandika juu yako. Kusoma si unajua?

ZOEZI: Kaeni kikundini, wanaume kwa wanawake. Choreni kijiji chenu chini kwa kijiti. Kila nyumba iwe punje moja ya mahindi. Kisha ziokoteni punje za nyumba zote ambazo mgeni amewahi kufikishwa, mhesabu zilizobaki.